Mdoli wa Peasi Asiye na Mdomo

4 Februari

Shangazi yangu,

Shikamoo. Sisi huku wazima, isipokuwa mimi nina kikohozi cha vumbi la rangi ambacho kimehamia kifuani na hakitaki kuhama. Mume wangu, Dereva, yuko safarini kama kawaida yake. Akirudi analala, akiamka anaondoka. Dukani bado nachanganya rangi. Juzi alikuja mteja anataka kijani "cha amani". Nikamchanganyia kijani, nikamwambia amani atajiongezea mwenyewe nyumbani. Bosi hakucheka.

Vipi wewe? Paa limezibwa? Na yule kuku mkorofi bado anataga kwenye kikapu cha vitambaa? Nakuandikia kwa sababu ukipigiwa simu unasema "eeh, eeh" kwa kila kitu, halafu baadaye inajulikana hukusikia hata neno.

Sasa nisizunguke mbuyu. Unamkumbuka mdoli wa matunda? Siku hizi naamka naye kichwani. Jumapili, ile sahani ya bluu iliyomeguka ukingo, na juu yake mtu amelala chali: tumbo la peasi ya kopo, mikono na miguu ya ndizi, sketi ya jani la saladi yenye marinda kama ya bibi harusi, na kichwa cha yai. Yai, Shangazi! Kwenye matunda! Nilidhani kila nyumba inakula mtu wa peasi Jumapili, mpaka nilipohadithia shuleni nikachekwa.

Nataka kumtengeneza. Nieleze yote: nani alikufundisha, ndizi ulizifanyaje zisiwe nyeusi, yai lilikaaje bila kubiringika. Na kuna jambo linanikera. Macho yake nayakumbuka. Vifungo vya zabibu kavu navikumbuka, hata viatu. Lakini mdomo wake siuoni. Nimeusahau, au hakuwa nao?

Ni kwa ajili ya watoto wa mtaani hapa tu. Nimejisikia kucheza.

Kiherehere wako


19 Februari

Mwanangu Kiherehere,

Marahaba. Barua yako imefika inanuka tapentaini. Mpeleka barua ameniuliza kama siku hizi naandikiana na gereji. Paa limezibwa: fundi ameziba tundu lililokuwa likivuja na kuacha jingine ambalo halikuwepo. Kuku sasa anataga juu ya cherehani, maana nimeifunika shuka. Macho na vidole vyangu havipatani tena. Usinihurumie. Watu niliowavisha ni wengi, wakae na walichonacho.

Hakuna aliyenifundisha. Mteja mmoja aliniletea ukurasa uliochanwa kwenye gazeti la kina mama la miaka ya zamani, la picha za rangi, akitaka gauni kama la pichani. Gauni lilikuwa baya. Nikageuza ukurasa nione kama upande wa pili kuna lenye nafuu, ndipo nikamkuta huyo mtu wa matunda, kajilaza kwenye sahani na sketi yake ya majani. Maelezo yalikuwa kwa lugha nisiyoijua, kwa hiyo nilimkata kwa macho, kama ninavyokata nguo. Kichwa chake pichani kilikuwa kitu cheupe cha mviringo. Nikajiambia, cheupe, cha mviringo, ni yai. Mpaka leo sijui kilikuwa nini. Labda peremende, labda jibini. Ninyi mmekula yai utoto wenu wote kwa kubahatisha kwangu.

Haya, shika kalamu. Peasi ya kopo, nusu, tumbo likiangalia juu. Ikaushe kwa kitambaa safi, la sivyo sketi itateleza. Jani la saladi usilitandaze. Likunje marinda madogo madogo, uyabane kiunoni kwa kijiti cha meno, halafu kijiti ukitoe kabla ya kumpa mtoto. Nilizoea kuhesabu vijiti kama pini. Ndizi ikate kwa urefu, uipake ndimu mara moja. Yai la kuchemsha likate kidogo nyuma ya kisogo, litakaa. Nywele ni karoti iliyokwaruzwa. Macho, vifungo na viatu ni zabibu kavu. Kofia, duara la nanasi, kama lipo.

Sasa nawe nijibu. Watoto gani wa mtaani? Mwaka jana uliniandikia kwamba mtaa wenu hauna mtoto zaidi ya mjukuu wa mwenye nyumba, naye ana ndevu. Na yule binti wa Dereva, aliyeletwa kwenu mama yake alipofariki, mwenye kidoti shavuni, mbona humtaji? Anakula?

Shangazi yako


2 Machi

Shangazi,

Shikamoo tena. Una macho hata yasipopatana na vidole. Ni yeye. Tunamwita Kidoti, na ana miaka sita.

Anakula, lakini kwa kusimama. Anachukua sahani yake, anasimama mlangoni, pale jikoni panapokutana na sebule, mguu mmoja huku na mwingine kule, kama abiria anayeogopa kupitwa na kituo. Kiti chake kipo mezani, nimekipaka rangi ya machungwa kwa mikono yangu mwenyewe. Hakikalii. Mimi haniiti kitu. Si mama, si dada, si wewe. Akinitaka anasema "samahani", utadhani yuko dirishani kwa karani. Hana utundu wala hasira. Shangazi, ningefurahi hata angevunja kikombe.

Nikamtengenezea mdoli. Nilijitahidi mno, na hapo ndipo nilipoharibu. Unajua mchanganya rangi akiachiwa sahani. Marinda yalikaa. Karoti niliipanga kutoka nyekundu kwenda njano. Na kwa kuwa hukunijibu habari ya mdomo, nikamwekea wa ganda la tufaha jekundu, mkubwa, unacheka kutoka shavu hadi shavu. Nikamwita Kidoti. Akaja, akamtazama mdoli kwa makini, kwa muda, mpaka nikaanza kujisifu moyoni. Kisha akaniuliza:

"Anacheka nini?"

Akachukua ncha ya sketi, akamfunika uso taratibu kama anavyofunikwa mtu aliyelala, akarudi mlangoni kwake. Mdoli nilimla mimi, nikiwa nimechukia.

Basi, si jambo kubwa. Ila nijibu safari hii, usijitie hamnazo: wa kwako alikuwa na mdomo?

Kiherehere


11 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Mvua imekuja na lile tundu jipya limefanya kazi yake, nimetega sufuria. Jirani yangu mwalimu amestaafu na sasa anasahihisha kila mtu anayepita. Jana amenisahihisha nilivyofunga kanga.

Hilo swali la mtoto ni swali zuri. Mtoto anayeuliza "anacheka nini" hana tatizo kichwani.

Nami nina ya kwangu. Hapo mlangoni anaposimama, anaangalia wapi, ndani au nje? Akimaliza sahani anaiweka wapi? Wewe wakati huo unafanya nini, unamtazama? Na hasa hili: haraka yote hii ya nini? Mtoto ana mwaka wote wa kukaa. Unaandika kama mtu anayefukuzwa.

Kuhusu mdomo, tusubiri kwanza.

Shangazi yako


20 Machi

Shangazi,

Shikamoo. Wote wazima. Leo sina habari za duka.

"Tusubiri kwanza." Unanifanya nicheke bila kupenda. Nimekuuliza jambo dogo mara mbili, na mara mbili umenipiga chenga, mara kuku, mara mwalimu. Haya, nitakwambia kwa nini nina haraka, maana naona bila hivyo hutasema.

Shule zikifungwa, bibi yake mzaa mama anakuja. Ndivyo Dereva alivyokubaliana naye siku ya msiba: mtoto akae kwetu, na ikionekana hajazoea, bibi amchukue. Ni mama mwema, simlaumu. Nikiwa mahali pake ningefanya vilevile. Atamkuta mjukuu wake anakula kwa kusimama, na hiyo itatosha. Dereva anasema tuache iwe itakavyokuwa. Yeye si ndiye anayeondoka kila mara?

Mwanzoni nilijiambia akienda atakuwa ameenda kwao, na mimi nitabaki na meza yangu. Sasa siwezi tena kusema hivyo. Nimezoea kusikia unyayo wake. Nikichanganya rangi kazini najikuta nawaza hii angeipenda, hii asingeipenda. Nampenda, Shangazi, na sijui nimfanyeje.

Ulivyoniuliza: anaangalia nje. Sahani anaiweka chini, kando ya mlango, kwa adabu. Ndiyo, namtazama. Nitaachaje kumtazama?

Mimi sina pa kuanzia. Mimi nilifika kwako naimba, nikala sahani mbili siku ya kwanza, wewe mwenyewe umenisimulia mara ngapi. Mtoto wa namna hii simjui. Sijawahi kuwa yeye.

Kiherehere


9 Aprili

Mwanangu,

Usikasirike kwa kuchelewa. Nimeianza barua hii mara kadhaa, na kila nikifika penyewe nakwenda kulisha kuku. Amenenepa.

Hukufika unaimba.

Ulishushwa kwangu asubuhi ukiwa na viatu vya watu wengine, miaka mitano, mama yako akiwa amezikwa juzi, baba yako akiwa ameshindwa hata kushuka garini kwa kilio. Uliingia moja kwa moja chini ya meza ya cherehani na ukakaa huko. Ulikula huko, ulilala huko. Nilishona na wewe miguuni; nikikanyaga cherehani unajikunja, nikiacha unajinyoosha. Ulipokuwa mkubwa ukaniuliza ulifikaje, nami nilikuwa natia uzi kwenye sindano, nikasema tu, ulifika unaimba, ukala sahani mbili. Ukafurahi sana. Ukataka nirudie. Nikarudia, na mwishowe ikawa ndiyo historia yako. Ilikukaa vizuri, sikuona sababu ya kuifumua.

Mdoli nilimtengeneza kwa ajili yako. Binamu zako waliokuwa wakija Jumapili walifaidi tu mgongoni mwako. Siku ya kwanza nilimpanga mzima, na ule mdomo wa pichani ulikuwa kama wako wewe juzi, wa kucheka mpaka masikioni. Nikawa nimeukata, nimeushika kidoleni, nikamwangalia mtoto aliye chini ya meza. Nikaona aibu. Nani alinipa ruhusa ya kumwekea mtu kicheko? Nikauacha mdomo pembeni ya sahani, nikaisukuma sahani chini kwa mguu, nikaendelea na pindo la suruali ya mtu.

Baadaye sahani ikarudi. Mdomo ulikuwa umewekwa umepinda kwenda chini, na viatu vimeliwa.

Sikusema kitu. Ndiyo kazi yenyewe ilikuwa hiyo, na ni ngumu kuliko marinda. Kila nilipokupa mdoli uliweka mdomo chini, chini, chini, nami nasema asante kwa sahani, basi. Siku nyingine ukauweka umelala tu, kama mstari. Nilitamani kupiga kelele nikaita majirani, lakini nikaendelea kushona. Mpaka ukaanza kuugeuza juu, na hata hapo si kila siku. Mimi hali yako nilikuwa naijua kwa ganda la tufaha. Ulitoka chini ya meza siku ambayo sikukuita.

Ndiyo maana humkumbuki na mdomo. Mdomo ulikuwa wako.

Sikutaka kukuandikia haya kwa sababu ulikuwa na hadithi nzuri, nami nilikuwa sijui kama utapenda nyingine. Sasa chagua, zote mbili ni zako. Lakini usiniambie tena kwamba mtoto huyo humjui.

Weka sahani mezani, uweke kipande cha ganda pembeni. Ugeuke, ufanye kazi ya kweli, si ya kujifanya; watoto wanajua. Usimtazame. Akipinda chini, usimliwaze. Hakuna anayemuuliza.

Usiniulize kuhusu kuja huko. Kuna kuku.

Shangazi yako


30 Aprili

Shangazi yangu,

Shikamoo, na shikamoo nyingine ya zamani niliyokuwa sijakupa. Nimeisoma barua yako dukani, nyuma ya ndoo za rangi nyeupe, na bosi akadhani machozi ni ya harufu ya tapentaini. Nikakumbuka kitu: kanyagio la cherehani, chuma chake, lina maua ya kuchongwa. Nayajua kwa kidole. Nilikuwa najiuliza siku zote niliyajuaje, maana ukisimama huyaoni.

Nimezichukua zote mbili. Ile ya kuimba naipenda bado.

Nilifanya ulivyosema. Nikaweka sahani mezani, mdoli hana mdomo, ganda pembeni, nikageuka nikaanza kukwangua ile meza ndogo ambayo nimeahidi kuipaka upya tangu tuhamie. Nilikwangua mpaka mkono ukauma. Nyuma yangu nikasikia unyayo, halafu kimya, halafu kutafuna. Nilipogeuka amesharudi mlangoni. Mdomo, chini. Viatu, havipo. Shangazi, nilicheka na kulia kwa pamoja, nikiwa nimeinamia msasa asinione.

Tukaenda hivyo, chini, chini. Mara moja akaweka ganda wima, sijui mdomo wa wima maana yake nini, nikajizuia kuuliza mpaka nikakaribia kupasuka. Unajua jina langu halikuja bure. Nilichogundua ni kwamba ili kuuweka mdomo ilibidi aje mpaka mezani, na kila mara alichelewa kidogo zaidi kurudi mlangoni.

Siku moja kabla ya bibi yake kufika, nimetoka kazini, nikakuta sahani mezani. Kidoti kajifungulia kopo, nusu ya juisi iko sakafuni. Tumbo la peasi limegeuzwa nyuma mbele, jicho moja kubwa na moja dogo, sketi imevaliwa shingoni. Kando, kipande cha ganda.

"Weka wewe," akaniambia.

Nikakishika. Nilitaka kupinda juu, mtu mzima si anatakiwa kutabasamu? Nikamwona yule mdoli wa kwanza, anacheka nini. Nikaweka chini.

Kidoti akaangalia. "Kwa sababu Bibi anakuja?"

"Ndiyo."

Hakunipoza, wala hakuugeuza. Akavuta kile kiti cha rangi ya machungwa, akapanda, akakaa. Akachukua mguu mmoja wa ndizi, akaniachia mwingine. Tukala.

Bibi yake alifika Jumamosi na begi tupu limekunjwa kwapani. Nililiona, naye akaona nimeliona. Akaliweka nyuma ya mlango. Dereva alikuwepo safari hii, kanyoa ndevu, hajui aweke mikono wapi. Kidoti akasema leo anapika yeye. Akapanga sahani mezani, moja ya kila mtu, wote hawana midomo, na maganda kwenye kisahani.

"Bibi, weka mdomo."

"Mjukuu wangu, mimi mambo haya siyajui."

"Unaweka tu. Hakuna anayekuuliza."

Sijui alilitoa wapi neno hilo, mimi sikuwahi kumwambia. Mama yule akachukua ganda, akaligeuzageuza kwa muda, akaliweka limepinda chini, chini kabisa, kisha akafunika uso kwa upande wa mtandio. Nilikuwa nimesahau, Shangazi. Katika hofu yangu yote ya kunyang'anywa mtoto, nilikuwa nimesahau kwamba yeye wa kwake ameshamzika. Kidoti akasogeza kiti mpaka kikagusa cha bibi yake, akaendelea kula.

Baadaye, bibi alipofika kwenye kichwa cha yai na kukiangalia kwa mashaka, Kidoti akasema, "Bibi, ukija tena nitakuwekea na kofia. Leo nanasi halikutosha."

Dereva akaacha kutafuna.

"Nikija tena wapi?" bibi akauliza, polepole.

"Hapa," akasema Kidoti, kama mtu aliyeulizwa jina lake.

Bibi akanitazama mimi, akatazama lile begi, kisha akala yai. Jioni begi halikuondoka tupu. Alibeba magauni ambayo yameshambana mtoto, awape wengine. Mlangoni alinishika mkono akaniambia, "Nanasi usisahau." Nikaitikia kwa kichwa.

Kidoti anauliza kama shangazi yetu ana kofia au anataka ya nanasi. Ndivyo alivyosema, yetu. Kuku mpe mwalimu, atamsahihisha. Mdoli wako atakuwa sahanini na ganda lako pembeni, na hakuna atakayekuuliza.

Nimesahau kukwambia la mwisho. Nilipokuwa nakusanya vyombo vya Jumamosi nilikuta ganda moja limebaki kwenye kisahani, halijaguswa. Lilikuwa lake. Wa kwake alimla bila mdomo, alisahau kumwekea, maana muda wote ule mezani alikuwa anaongea.

Kiherehere wako